Papai Bichi la Bry-sur-Marne

Filamu pekee ya Vietnam iliyowahi kufika orodha ya mwisho ya Oscar, katika kundi la filamu za lugha za kigeni, haikupigwa Vietnam. Ile nyumba ya Saigon unayoiona mle, ua wake wenye mitungi ya maji, majani mapana yanayokaliwa na vyura, dirisha la mbao ambalo mtoto wa kazi huchungulia asubuhi, yote ilijengwa ndani ya studio huko Bry-sur-Marne, kitongoji cha mashariki mwa Paris. Jua lake ni taa.

Filamu yenyewe ni Mùi đu đủ xanh, Harufu ya Papai Bichi, ya mwaka 1993. Aliyeiandika na kuiongoza ni Trần Anh Hùng, aliyezaliwa Vietnam mwaka 1962 na kufika Ufaransa na wazazi wake mwaka 1975, akiwa na miaka 12. Alitaka kuipiga nchini kwao. Ikashindikana, wakajenga nyumba mahali wanapoishi. Mwaka huohuo ikapata Caméra d'Or kule kwenye tamasha la filamu la Cannes, tuzo anayopewa mtu kwa filamu yake ya kwanza ndefu, na mwaka uliofuata ikaingia Oscar kwa jina la Vietnam.

Naishi upande huohuo wa mashariki mwa Paris, na naandika skripti. Kila ninapomsimulia mtu habari ya studio ile, naulizwa jambo lilelile: kumbe basi si Vietnam ya kweli? Nimelibeba swali hilo miaka kadhaa sasa, kwa sababu linanihusu. Mimi ni mtu wa Tanga ninayeandika habari za Tanga nikiwa mbali na Tanga. Na kadiri ninavyozitazama filamu za wahamiaji wa Kivietinamu ndivyo ninavyozidi kuona kwamba swali limewekwa mahali pasipo pake.

Vietnam ya kwanza niliyoijua ilikuwa ya kibanda cha video, Ngamiani, kulekule Tanga. Tulikaa kwenye mabenchi, jasho linatutoka, Rambo anatoka majini taratibu akiwa na matope usoni, na watu wembamba waliovaa kofia za majani wanaanguka mmoja baada ya mwingine. Hawakuwa na majina. Walipiga kelele kwa lugha ambayo hata mtafsiri wa mkanda, aliyekuwa na maneno kwa kila kitu, hakuhangaika nayo. Kwa watoto wengi wa Afrika Mashariki wa kizazi changu, hivyo ndivyo Wavietinamu walivyotufikia: kama watu wa kufa. Hatukujua wanakula nini, wanazikana vipi, mtoto anamwamkiaje bibi yake.

Nilipokuja kusomea kazi hii ndipo nikajifunza kwamba ile nayo haikuwa Vietnam. Rambo ya pili, ya mwaka 1985, ilipigwa Mexico. Apocalypse Now, ya 1979, ilipigwa Ufilipino. Full Metal Jacket, ya 1987, ilipigwa Uingereza: mji wa Huế unaoungua mle ni kiwanda cha gesi kilichoachwa huko Beckton, mashariki mwa London, na miti ya jamii ya minazi ikaagizwa Hispania ili pafanane na tropiki. Watu waliona filamu hizo dunia nzima, na hakuna aliyewauliza waongozaji wake kama Vietnam yao ni ya kweli. Swali hilo lilisubiri mpaka Mvietinamu mwenyewe alipojenga nyumba yake.

Kila Vietnam ya kwenye skrini, basi, ilikuwa ya kujengwa. Kinachonishughulisha ni kilichojengwa na sababu ya kukijenga. Wale walijenga magofu ili wapate mahali pa kupigana. Hùng alijenga jiko.

Na anaanza jikoni kwelikweli. Ni mwaka 1951. Mtoto wa kike anayeitwa Mùi, wa miaka kumi, ametoka kijijini kuja kufanya kazi kwenye nyumba ya familia ya mjini. Mtumishi mzee anamfundisha. Hakuna hotuba juu ya ukoloni wa Kifaransa, ingawa nchi iko vitani na vita vile vinasikika kwa mbali. Anafundishwa kukaanga mboga, kuzigeuza zisiungue, kuzipeleka mezani zikiwa bado moto. Anafundishwa papai: unalishika kwa mkono mmoja, unalikatakata juujuu kwa makali ya kisu mfululizo, halafu unalikwangua, nyuzi nyeupe zinaanguka. Kule juu mtini, papai lililokatwa linaacha utomvu mweupe unaodondoka juu ya jani, na kamera inatulia kulitazama tone lile.

Nyumbani papai bichi tunalitumia kulainishia nyama. Mama alilikwangua, akaipaka nyama ya ng'ombe mzee, akaiacha. Sikuwahi kufikiri kwamba kitendo kile kinaweza kubeba filamu. Na hapa namzungumzia mtu ambaye aliondoka kwao akiwa mtoto, ambaye kwake papai lile limefungamana na kumbukumbu ya mikono ya mama yake ikifanya kazi. Angeweza kukumbuka mengi, maana mtoto wa miaka 12 aliyeondoka mwaka 1975 ameshaona mengi, na hayohayo ndiyo wazungu waliyokuwa wakiyasubiri kwake. Akachagua mikono.

Ndani ya nyumba ile kuna huzuni nyingi, lakini huelezwi. Unaikuta. Baba huchukua fedha za familia na kutoweka. Mama huuza vitambaa ili watu wale. Bibi hakai na wengine, yuko juu akiomba. Kulikuwa na binti aliyefariki, ambaye angekuwa na umri kama wa Mùi, na mama anapomtazama mtoto huyu wa kazi macho yake yanakawia. Katika ua huohuo Mùi anawatazama sisimizi na kutabasamu, na mtoto wa kiume wa nyumba ile anawadondoshea nta ya moto. Watoto wawili, wadudu walewale, na hakuna neno lililosemwa. Mwandishi amekwisha kukuambia nani katika nyumba hii amefundishwa kuwa vitu vidogo ni vyake kuviharibu.

Wapo waliolalamika kwamba filamu inampamba mwanamke mtiifu, anayehudumia na kunyamaza. Naona wana hoja. Nusu ya pili, miaka kumi baadaye, Mùi ameshakuwa dada wa kazi wa mpiga piano aliyesomea Ufaransa, na mapenzi yao yanajengwa juu ya yeye kumpikia na kumpangusia viatu. Natamani skripti ingempa nafasi ya kukasirika japo mara moja. Lakini sitaki lawama hiyo ifunike kitu kikubwa ilichokifanya nusu ya kwanza: kazi ya nyumbani, ambayo kwenye filamu nyingi ni kitu kinachofanywa huku watu wakizungumza mambo ya maana, hapa ndiyo jambo lenyewe la maana.

Kwa asiyeandika skripti, nieleze kwa nini hili ni gumu. Ukurasa mmoja wa skripti huhesabiwa kuwa takriban dakika moja ya filamu, na dakika ni fedha. Kwenye ukurasa kuna maneno ya wahusika na kuna mistari ya vitendo, ile inayosema nani anafanya nini. Wasomaji wa skripti, wale wanaokaa kuamua ipi ipewe fedha, huruka mistari ya vitendo. Wanasoma maneno. Ukiandika kwamba mtoto anakwangua papai kwa nusu ukurasa, wa kwanza atakayekata nusu ukurasa huo ni prodyuza wako. Kwa hiyo mwandishi mhamiaji anasukumwa kuutoa utamaduni wake kwenye vitendo na kuuingiza vinywani mwa watu. Ndipo unapopata wahusika wanaoelezana mila zao wenyewe kana kwamba wamekutana jana: bibi anamweleza mjukuu maana ya sikukuu ambayo mjukuu ameisherehekea tangu kuzaliwa. Bibi yule haongei na mjukuu. Anaongea na mgeni aliyeketi ukumbini.

Nimepitia hayo. Niliwahi kupeleka skripti kwenye warsha moja hapa Ulaya. Inamhusu mwanamke wa Tanga anayeshona kofia za vito, mume yuko Muscat, na fedha za kofia ndizo zinazosomesha watoto ingawa mtaa mzima unaamini ni fedha za mume. Kwenye kurasa zangu anashona sana. Anachora, anatoboa, anazungushia uzi tundu moja baada ya lingine, na mazungumzo muhimu yanafanyika akiwa na sindano mkononi, ndiyo maana watu hawatazamani. Mshauri wa warsha alikuwa mtu mwema, naamini hivyo kabisa. Akaniambia haioni Afrika mle ndani. Akapendekeza mtu mmoja aeleze historia ya kofia, na labda mapinduzi yatajwe, na labda ukame. Tanga, ukame!

Sikuongeza. Nilirudi kwenye filamu hizi, nikaanza kuzitazama kwa kalamu, nikitafuta wenzangu walifanya nini walipoambiwa hayohayo.

Mwongozaji Khoa Do alifika Australia akiwa mtoto mchanga, familia yake ikiwa imetoroka kwa mashua. Kwa mujibu wa hesabu za shirika la wakimbizi la Umoja wa Mataifa, karibu watu 800,000 walifika salama kwa mashua katika nchi za jirani kati ya mwaka 1975 na 1995. Waliofia baharini kwa kiu, dhoruba na maharamia hawana hesabu inayoaminika. Hiyo ndiyo hadithi ambayo kila Mvietinamu wa ughaibuni huombwa asimulie, na ni hadithi ya gharama: unahitaji bahari, mashua, umati. Katika filamu yake Mother Fish, Khoa Do hakutafuta bahari. Anamweka mwanamke wa makamo ndani ya karakana ya kushonea nguo. Wenzake wanaondoka, anabaki peke yake na vyerehani, na safari yake ya ujanani inaanza palepale sakafuni. Karakana inageuka mashua. Meza na vitambaa ndivyo chombo. Filamu yote inachezwa humo, na baada ya dakika chache husikii tena kwamba hakuna maji.

Kuna atakayesema ni umaskini wa bajeti. Ndiyo, bajeti ilikuwa ndogo. Lakini angalia ni mahali gani alipopachagua. Wanawake wengi wa Kivietinamu waliofika Sydney na Melbourne walianza maisha yao mapya mbele ya cherehani, kiwandani au sebuleni kwao, wakilipwa kwa kipande. Alipoiweka mashua ndani ya karakana, mwandishi ametuonyesha kwamba safari ile ilikuwa ikiendelea kila siku ndani ya kichwa cha fundi aliyeinamia pindo la suruali ya mtu mwingine. Bahari halisi isingeweza kulisema hilo.

Ham Tran alichukua njia nyingine. Vượt Sóng yake, iliyoonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, mwaka 2006, ni filamu kubwa ya zaidi ya saa mbili kuhusu familia iliyogawanyika baada ya tarehe 30 Aprili 1975, siku Saigon ilipoanguka: baba anabaki na kupelekwa kwenye kambi za kufunzwa upya, mke, mtoto na bibi wanapanda mashua, wanaishia California. Ilipigwa Thailand, na fedha zake kwa sehemu kubwa zilitoka kwa jumuiya ya Wavietinamu wa Marekani wenyewe. Hapa vita na kambi vimo, na vimo kwa haki, kwa sababu vinasimuliwa na watu vilivyowapata. Bibi anaigizwa na Kiều Chinh. Mama huyu alizaliwa Hanoi, akakimbilia kusini mwaka 1954 nchi ilipogawanywa na kumwacha baba yake nyuma, akawa nyota wa filamu Saigon, kisha mwaka 1975 akapoteza kila kitu tena na kuanza upya Marekani. Unapomwona anavyomshika mjukuu wake ndani ya mashua, hakuna mwongozaji aliyemfundisha hilo.

Mwandishi wa namna hii ana wasomaji wawili wenye hasira, na wote ni ndugu zake. Mwaka 1999 Tony Bui, aliyefika California akiwa na miaka miwili, alishinda tuzo kuu ya majaji na tuzo ya watazamaji kule Sundance kwa Three Seasons. Ilikuwa filamu ya kwanza ya Kimarekani kupigwa Vietnam baada ya vikwazo vya Marekani kuondolewa mwaka 1994, na karibu yote inazungumzwa Kivietinamu. Mwaka huohuo, huko Westminster, California, kwenye mtaa unaoitwa Little Saigon, mwenye duka la kukodisha video alitundika picha ya Hồ Chí Minh, kiongozi wa wakomunisti ambao watu wa mtaa ule waliwakimbia, na bendera ya Vietnam ya leo. Maelfu ya watu waliandamana mbele ya duka lake kwa wiki nyingi. Duka la video! Mle ndimo jumuiya ile ilimopata filamu za lugha yake. Ukiwa mwandishi wa mtaa ule unaelewa kwamba bendera moja nyuma ya mhusika wako inaweza kumuumiza baba wa rafiki yako aliyekaa miaka kambini. Na upande wa pili, Đơn Dương, aliyeigiza dereva wa baiskeli ya abiria katika Three Seasons, alishambuliwa vikali nchini mwake kwa kushiriki filamu za Kimarekani zinazogusa vita na wakimbizi. Akazuiwa kusafiri kwa muda, na mwaka 2003 akahamia Marekani.

Katikati ya moto huo Tony Bui aliandika habari za maua. Msichana anachuma yungiyungi ziwani na kwenda kuyauza mjini, na siku moja anawakuta wachuuzi wenye maua ya plastiki yaliyopuliziwa manukato. Kwa mtu mwenye haraka ni hadithi nyepesi mno. Mimi naona ni mtu aliyetafuta mahali ambapo pande zote mbili zingeweza kuketi bila kuanza na bendera. Siipendi kila sehemu yake. Yule Mmarekani anayemtafuta binti yake aliyemwacha enzi za vita ananichosha, nahisi yupo kwa ajili ya jina la mwigizaji kwenye bango. Ila maua yale nayakumbuka.

Mtu pekee aliyenitikisa katika imani yangu hii ya mikono ni Trinh T. Minh-ha. Alizaliwa Hanoi mwaka 1952, akaenda Marekani mwaka 1970, na kabla ya kujulikana kama mwongozaji alifundisha muziki Dakar mwishoni mwa miaka ya 1970. Filamu yake ya kwanza aliipiga Senegal. Kisha mwaka 1989 akatoa Surname Viet Given Name Nam. Unaona wanawake wakisimulia maisha yao Vietnam: daktari, mhudumu, wake za watu waliofungwa. Wanazungumza Kiingereza kigumu, wanatembea huku na huku ndani ya fremu, na unaamini unatazama mahojiano yaliyofanyika kwao. Katikati ya filamu unagundua kwamba wanawake wale wanaishi California. Si wasimulizi, ni waigizaji wasio wa kazi hiyo, wakisoma mahojiano ya wenzao waliobaki. Baadaye unawaona katika maisha yao wenyewe, na wanaeleza kwa nini walikubali kuigiza na jinsi walivyochagua nguo za kuvaa.

Nilipoitazama mara ya kwanza niliona nimechezewa, na hilo ndilo alilolitaka. Anamuuliza mtazamaji: nani alikupa haki ya kumsikia mwanamke huyu na kusema sasa naijua Vietnam? Kwa mwandishi swali lake ni kali zaidi. Hata mikono ninayoipenda inaweza kugeuzwa maonyesho. Papai linaweza kukwanguliwa kwa uzuri hadi mtazamaji wa Paris akasahau kwamba anayelikwangua ni mtoto wa miaka kumi ambaye hayuko shule. Tangu nilipoiona filamu ile, kila mwanamke ninayemwandika akiwa kazini najiuliza analipwa kiasi gani, na kama ningemwonyesha ukurasa huo angecheka au angekasirika.

Kazi zenyewe si za jikoni tu. Kwenye filamu nyingi za Wavietinamu, kazi kubwa kuliko zote ni ya kuwahudumia wafu. Filamu ya Hùng ya mwaka 2000, iliyopigwa Hanoi, mapema ina dada watatu wakiandaa karamu ya kumbukumbu ya kifo cha mama yao, wanaosha kuku, wanacheka, wanasemana mambo ya waume zao. Aliyekulia pwani hahitaji kuelezwa kitu hapo. Ndiyo jiko la hitima: wanawake nyuma ya nyumba wamezungukwa na masufuria, msiba umeshapoa, na siri za ukoo zinatoka huku mchele unapembuliwa. Hong Khaou, aliyezaliwa Kambodia, akakulia Vietnam na kufika Uingereza akiwa mtoto mkimbizi, alimwandika katika Monsoon kijana anayerudi Saigon na majivu ya wazazi wake, asijue ayaweke wapi kwa sababu mji walioukimbia haupo tena.

Na Trương Minh Quý, wa kizazi cha leo, kwenye Viet and Nam iliyoonyeshwa Cannes mwaka 2024, ameandika wachimbaji wawili wa makaa ya mawe wanaopendana. Mmoja anajiandaa kuondoka nchini kwa kufichwa ndani ya kontena, lakini kabla ya kuondoka yeye na mama yake wanasafiri kuitafuta mifupa ya baba aliyefia vitani. Mwaka 2019 Wavietinamu 39 walikutwa wamekufa ndani ya kontena la lori Essex, Uingereza, na huwezi kuitazama filamu ile bila kuwafikiria. Ilizuiwa kuonyeshwa Vietnam. Nasikitika sana kwa hilo, maana sijaona filamu nyingine iliyoweka kwenye meza moja vita vya baba zao na uhamiaji wa sasa, wa vijana wanaokimbia ukosefu wa kazi huku nchi ikisifiwa kwa uchumi unaokua.

Halafu kuna mwaka 2023. Kule Cannes, Trần Anh Hùng alipewa tuzo ya mwongozaji bora kwa La Passion de Dodin Bouffant, na Ufaransa ikaichagua filamu hiyo iiwakilishe Oscar. Mtu yuleyule aliyewahi kuiwakilisha Vietnam kwa nyumba iliyojengwa Ufaransa sasa akaiwakilisha Ufaransa. Mwaka huohuo Caméra d'Or, tuzo aliyoipata yeye mwaka 1993, ikaenda kwa Mvietinamu mwingine, Phạm Thiên Ân, kwa filamu ya kijana anayeusafirisha mwili wa shemeji yake kijijini pamoja na mtoto aliyebaki yatima. Magazeti ya hapa yalizungumzia zaidi kama Ufaransa ilichagua filamu sahihi. Mimi nilikuwa na furaha isiyoelezeka.

Dodin Bouffant ni filamu ya Kifaransa kwa kila kitu: karne ya 19, nyumba ya mashambani, mpishi mwanamke na mwajiri wake mpenda chakula. Hakuna Mvietinamu hata mmoja mbele ya kamera. Lakini inafunguka kwa zaidi ya nusu saa ya kupika tu. Mboga zinatolewa shambani, samaki anachemshwa, mchuzi unachujwa, na msichana mdogo amesimama pembeni anatazama na kujifunza kwa kuonja. Nilimtambua mara moja. Ni Mùi. Miaka 30 imepita, nchi imebadilika, lugha imebadilika, sufuria zimekuwa za shaba, na mtoto wa kike bado amesimama jikoni kwa mtu mzima, anafundishwa kwa mikono. Anayetaka kujua urithi wa Kivietinamu wa Hùng uko wapi baada ya miaka yote hiyo Ufaransa, aitazame nusu saa ile.

Namfikiria mwandishi mmoja ambaye bado sijamsoma. Amezaliwa Nyarugusu, ile kambi ya Kigoma iliyofunguliwa mwaka 1996 kwa ajili ya Wakongo waliokimbia vita, akakulia mle, kisha familia ikapelekwa Marekani au Kanada. Sasa ana miaka ishirini na kitu, Kiswahili chake ni cha kambini, kizuri sana, chenye Kibembe na Kifaransa ndani yake, na ameanza kuandika skripti. Watamwambia aanze na vita. Watamwambia aeleze Kongo kwenye ukurasa wa tatu, kwa kinywa cha mjomba. Ningependa kumuuliza jambo jingine kabisa: mama alifanya nini na ule unga wa mahindi na zile mbaazi za njano za mgao, mwezi baada ya mwezi, hadi chakula kikawa na ladha ya nyumbani? Nani alikuonyesha, ukiwa umesimama wapi, na alikuwa anaimba au amenyamaza? Kama ni wewe na unasoma hapa, nitumie kurasa kumi za mwanzo. Mistari ya vitendo nitaisoma yote.